Kucha Tisa

Miaka minne nilimkata kucha Mzee Ssebyala,
kila Ijumaa, barazani, gazeti limetandazwa miguuni,
mikono yake kwanza ndani ya bakuli la maji ya uvuguvugu.
Miaka hiyo geti lilifunguliwa kwa maziwa, kwa padri,
na kwa kijana wa kusoma mita ya umeme.

Kisha daktari wa Kitovu akasema: figo.
Neno hilo lilifika Kampala
kabla sisi hatujafika nyumbani.

Wakaja.
Lubwama alileta zabibu, akazila mwenyewe
akipima uwanja kwa hatua, toka kisimani hadi ukuta wa kiwanda:
thelathini na nane. Akarudia kwa hatua fupi
ili kiwanja kiongezeke.
Mkewe alibadilisha mashuka bila kuombwa,
na kila shuka lilipoinuka
mkono wake ulizama chini ya godoro hadi kwapani.
Kaweesi, muuza magari, aliniuliza
moyo wa mzee una nguvu kiasi gani,
kama mtu anayeulizia betri.
Ssenga Bukirwa alilia. Akanyamaza. Akalia tena, juu zaidi,
kama wanaojaribu kipaza sauti kabla ya mkutano.

Walinong'ona kwa Kiganda juu ya kichwa changu.
Mimi mtoto wa Koboko, Kiswahili changu cha kambini,
walinihesabu pamoja na kabati.
Kabati lilisikia.
"Shamba la Bukakata wewe, kinu cha Nyendo mimi."
"Na Ssenga?"
"Mpe migomba. Mdomo uliojaa hausemi."

Mzee naye alisikia.
Walipotoka aliomba uji, akauacha upoe,
akaniambia, "Wamenona, siyo?"
Akacheka mpaka kikohozi kikamkamata.

Mkono wake wa kulia ulikaa ndani ya blanketi.
Hakuna aliyeuomba.
Walipiga magoti kwa adabu zote
wakalisalimia blanketi.

Alikufa Jumanne, mvua ikiwa bado Kalungu.
Tulimfunga kwa mbugo, gome juu ya gome,
na udongo ulikuwa haujakauka
karatasi zilipotoka mifukoni.
Ya Lubwama. Ya Kaweesi. Ya tatu, ya mtu wa Mpigi
aliyesema ni mtoto wa nje, na pengine kweli.
Kila karatasi, pale chini, wino wa zambarau:
dole gumba la kulia la marehemu.

Mwenyekiti wa kijiji alivaa miwani, akaivua.
Madole matatu, hakuna lililofanana na mwenzake.
Akauliza, nani alikuwa anamwosha?

Nilisimama. Nilikuwa na masizi ya sufuria mpaka viwikoni.
Nikasema: mimi nilimkata kucha. Kucha tisa.
Dole gumba la kulia lilimezwa na mashine ya kukoboa kahawa
mwaka aliponunua kinu, na kilichobaki
alikizika mwenyewe chini ya mbuni wa kwanza.
Na mama huyu hapa, dada yake,
ndiye aliyerarua gomesi yake akamfunga kidonda.

Watu wote wakamgeukia Ssenga.
Alikuwa ametia sahihi, shahidi,
kwenye karatasi zote tatu.

Msidhani waliona haya.
Lubwama alisema dole la Kaweesi ni la mwizi,
Kaweesi akasema la Lubwama ni la mwanamke, ona lilivyo dogo,
viti vya kukodi vikaanza kuruka.
Mimi nilipekuliwa getini.
Nankabirwa mwenyewe alinimwagia mfuko:
kanga, sabuni, kikata kucha.
Akakifungua, akakifunga, akakinusa.
Akanirudishia.

Mshahara wa miezi miwili sijaupata.
Kesi, naambiwa, ingali Masaka,
na kinu kimeota kutu, popo wanalala ndani.
Siwaulizi kitu.
Ila Ijumaa, nikiwakata kucha wanangu,
nikifika ya tisa
mkono wangu husita.